Ufunguo Ulioombwa Hitmani

Siku ya hitma ya mwenye nyumba wetu, mwanangu, naikumbuka hadi leo. Ilikuwa miaka ya tisini, mimi kijana mbichi, nashona kanzu katika duka la kupanga pale Ndia Kuu. Duka lilikuwa la mamangu. Tangu baba afariki, duka lile ndilo lililotulisha na kutusomesha sisi watoto wake. Hatukuwa na shamba wala akiba. Likiondoka, tumekwisha.

Wewe sasa umepata duka lako Tononoka, nami naona unavyochekeana na mwenye nyumba wako. Cheka naye, sikukatazi. Lakini keti kwanza unisikilize.

Marehemu alikuwa mtu wa watu. Kodi ulimpelekea kwake, ukanyweshwa kahawa, mkaulizana hali, basi. Alipofariki, nyumba ikashikwa na Seif, mwanawe mkubwa aliyekaa Ganjoni. Tayari mtaani ilishasemwa kwamba Seif anataka kutuondoa sote, aweke duka moja kubwa la vinyago vya watalii. Sisi tukasema, aa, maneno ya barazani hayo.

Siku ya hitma tulijaa ukumbini kwa marehemu. Kulia kwangu ameketi Mjomba Kombo, kaka wa mamangu, aliyenifunza kushona. Kushoto ni Mzee Athumani, fundi wa makubadhi ya ngozi, jirani yetu ukuta kwa ukuta. Tulipomaliza dua, kabla sinia hazijaletwa, Seif akasimama, macho mekundu kwa kulia. Akasema nyumba ya babake imechoka, dari linavuja, naye anataka kuitengeneza.

"Kwa hivyo nawaomba wapangaji wa babangu, mbele ya jamaa hawa, mnikabidhi funguo zenu."

Sasa niambie, kwetu sisi nani atamkatalia mfiwa hitmani? Mzee Athumani aliinuka wa kwanza, akamtilia Seif ufunguo mkononi, akamwombea marehemu maghufira. Watu wakaitikia amina. Kisha macho yote yakanigeukia mimi. Ufunguo nilishautoa mfukoni kwa haya, nataka kuinuka. Mjomba akanikamata kifundo cha mkono, akanibana hata nikaona uchungu.

"Utaturudishia lini, Bwana Seif?" akauliza, kila mtu asikie. "Taja siku, jamaa hawa wawe mashahidi."

Seif akanyamaza. Kimya kingi kina mshindo mkuu, mwanangu. Mzee mmoja akaguna, "Lo! Kombo, hata hitmani?" Nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Tuliondoka na ufunguo wetu, bila kuonja hata punje ya pilau.

Njiani nikamlaumu mjomba kwamba ametuaibisha. Akasimama, akanitazama kwa hasira ambayo sikuwahi kuiona kwake.

"Haya gani hizo zako, atakazozilipia mamako? Aibu ya leo kesho watu wameisahau. Mlango ukishafungwa, umefungwa!"

Moyoni sikukubali. Ujana huo.

Haukupita muda, Mzee Athumani akaenda kutazama matengenezo yamefika wapi. Hakuna fundi, hakuna chokaa. Mlangoni kuna kufuli jipya. Seif akamwambia kwa adabu kabisa, "Mzee wangu, duka umelitoa mwenyewe, tena mbele ya watu." Ngozi zake na vyombo vyake vyote vikabaki ndani.

Hapo ndipo hofu ilipohamia kwetu. Mama akawa hali, hata uji haumpiti. Mimi nashona huku jicho liko mlangoni. Mguu ukisimama nje, sindano yanichoma kidole. Asubuhi moja wakaja kweli, vijana wenye mtaimbo, wanasema wametumwa kutoa vitu. Mama akaketi kizingitini, akashika miimo ya mlango kwa mikono miwili. Hakulia. Midomo tu ilikuwa ikimcheza. Mjomba, nyuma yake, akawauliza, "Amri ya mahakama iko wapi?" Wakatazamana. Hawakuwa nayo. Wakaondoka wakisema watarudi, na woga wa kungoja warudi, mwanangu, Mungu asikuonyeshe.

Tukaenda kushtaki kunakosikizwa kesi za wapangaji wa maduka. Yetu haikuwa ndefu: Seif hakutupa ilani ya kuhama inavyotakiwa na sheria, na sisi dukani hatujatoka. Tukaambiwa tukae, tuendelee kulipa kodi.

Ya Mzee Athumani ndiyo iliyonitoa jasho, kwani niliitwa shahidi. Nilikula kiapo kwa Msahafu.

"Ulimwona akitoa ufunguo kwa mkono wake?" akauliza hakimu.

"Nilimwona, Mheshimiwa."

"Alilazimishwa?"

"Hapana. Tuliambiwa nyumba itatengenezwa."

"Bwana Seif alisema atamrudishia?"

Nikamtazama Mzee Athumani. Naye alikuwa akinitazama mimi, anangoja. Sote tuliamini atarudishiwa, wallahi, lakini sikuapa kusema tulichoamini.

"Hakusema, Mheshimiwa."

Basi. Mzee Athumani alishindwa. Akawa anashona makubadhi yake juani, ukutani, mkabala na mlango uliokuwa wake, mpaka Mungu alipomchukua. Hakunilaumu hata siku moja. Kila asubuhi, nikifika, alikuwa akiniuliza neno hilo hilo: "Umefungua, mwanangu?" Nami nilikuwa nikijibu, "Nimefungua, mzee," huku nainama nisimwone uso.

Nasaha yangu ni hii. Heshimu mwenye nyumba wako, mzike babake, lia naye. Lakini akikuomba ufunguo, hata kama ni kwa machozi, muulize: utanirudishia lini, na nani shahidi? Kuuliza si ujinga, wala si utovu wa adabu. Ukitishwa uhame, usijifiche na woga wako. Uliza amri iko wapi, kisha wende kwa wanaojua sheria mapema. Bora nusu shari kuliko shari kamili. Mjomba Kombo alikula nusu yake siku ile, na ndiyo maana mamangu alifia katika nyumba yenye chakula.

Nenda, mwanangu, kwa radhi zangu. Mungu akufungulie riziki, akukinge na shari za wenye nguvu na haya zisizo na faida. Na kila asubuhi nitakapokuuliza, "Umefungua?", akujaalie uwe na la kunijibu.