Kopo la Mtani Wangu

Shikamooni wakubwa zangu, na wadogo hamjambo. Naitwa Nyamizi. Wengi mnanijua kwa kazi, maana sare nyingi za watoto wenu nimezishona mimi pale Kanyenye, na kama kuna suruali iliyochanika mapema, mwenyewe aje tuonane tukimaliza. Leo mwalimu ameniomba niwaeleze nilivyougua na nilivyoinuka, kwa kuwa wengi wenu mna watoto wenye ulemavu hapa shuleni. Nitasema wazi, hata mambo ya chooni. Mambo ya chooni ndiyo yaliyotaka kunikosesha shule.

Nilizaliwa Ipuli, mzima wa viungo vyote. Baba yangu ni seremala, mama yangu alikuwa anauza maandazi. Mimi nilikuwa mtoto wa mbio. Kwenye rede hakuna aliyenipiga mpira kirahisi, na ndoo ya maji nilibeba kichwani bila kuishika, nikijionyesha.

Nikiwa darasa la tatu, nilirudi nyumbani siku moja kichwa kinaniuma. Jioni homa ikapanda, nikatapika uji wote. Mama alidhani ni malaria. Kulipokucha shingo ilikuwa imekakamaa, siwezi kushusha kidevu, na mwanga wa mlangoni ulinichoma macho. Kisha degedege likanikamata. Baba alinipakata kwenye bodaboda mpaka hospitali, Kitete, na wanasema njia nzima alikuwa anamwambia dereva aongeze mwendo na wakati huohuo apunguze.

Daktari alinichoma sindano mgongoni kuchukua maji, akamwambia baba, "Ni homa ya uti wa mgongo. Tunaanza dawa sasa hivi." Siku nyingi zilipita ambazo mimi sizijui. Nilipozinduka, mkono wangu wa kulia ulikuwa umelala kando yangu kama wa mtu mwingine. Mguu wa kulia nao hautii. Mdomo umekwenda upande, mate yananitoka, na kitanda nimekilowesha. Nilimuuliza mama nani amemwaga maji. Akageukia ukutani.

Daktari alisema, "Ugonjwa umepona. Iliyobaki ni kazi ya kumrudisha mtoto." Mtaalamu wa mazoezi ya viungo akamfundisha mama kuninyoosha vidole na kunisimamisha ukutani. Alimsisitiza, "Mama, anachoweza mwache afanye mwenyewe, hata akichelewa." Mama akaitikia vizuri. Tulipofika nyumbani akafanya kinyume chake, na simlaumu, maana alikuwa ameshanililia kama maiti.

Mama alinibeba mgongoni na miguu yangu inaning'inia. Alinivisha, aliniogesha, alinipeleka chooni na kunitawaza kama mtoto mchanga. Kula nako alinilisha. Nilitaka kutumia mkono wa kushoto, lakini bibi yangu alisema mtoto aliyelelewa vizuri hali chakula kwa mkono wa kushoto. Basi nikawa nafungua mdomo kama kinda, eti kwa ajili ya adabu. Mkono mmoja mzima, nao umekatazwa kazi.

Baba alikwenda kumwona mwalimu mkuu wa shule niliyokuwa nasoma. Yule mwalimu alikuwa mtu mwema. Alisema, "Namtaka arudi. Lakini darasa limejaa, na sina mtu wa kumpeleka chooni. Akiweza kwenda mwenyewe, mleteni shule ikifunguliwa." Baba alipotuambia, mama alisema, "Basi shule imekwisha." Mimi nilikuwa nimelala mkekani nasikia yote. Niliumia kuliko nilivyoumia na ile sindano ya mgongoni.

Sasa niwaambie kuhusu Bi Tausi. Alikuwa jirani yetu, Mzaramo, aliyeletwa Tabora na mume aliyekuwa akifanya kazi reli, akazeekea hapahapa. Mnajua Mnyamwezi na Mzaramo ni watani tangu enzi za misafara, babu zetu walipotoka hapa na mizigo begani mpaka pwani, na babu zake wakawapokea kule. Mtani husema ambalo ndugu hathubutu kulisema, na mtani hakasirikiwi.

Watu wote waliokuja kunitazama walisema pole, vichwa vimeinama upande mmoja. Bi Tausi alisimama mlangoni, akaniona nimepakatwa na mama nalishwa uji.

"Huyu ndiye Mnyamwezi?" akasema. "Babu zenu walibeba pembe za ndovu mpaka kwetu Bagamoyo. Huyu hata kijiko anabebewa. Mama Nyamizi, hapa mmeniuzia mbuzi kwenye gunia."

Mimi nilipandwa na hasira, na ilikuwa hasira tamu, kwa sababu tangu nitoke hospitali hakuna mtu aliyenisema vibaya. Kwa mdomo wangu uliopinda nikamjibu, "Nyie Wazaramo mlikuwa mnacheza ngoma tu, mnasubiri sisi tuwaletee."

Alicheka mpaka akajishika kwenye mlango. "Kumbe ulimi ni mzima. Kesho nakuletea mzigo wako, mpagazi."

Akaja kweli, na kopo la plastiki la kijani lenye maji nusu. Akanishikisha kwa mkono wa kushoto. "Huu ndio mzigo. Pale jikoni ni Ugogoni, katikati ya njia, unaweza kupumzika. Bagamoyo ni kule," akanyoosha kidole chooni, nyuma ya uwanja.

Kila baada ya swala ya alasiri tulikuwa na safari hiyo. Kopo mkono wa kushoto, bega la kulia linasugua ukuta, mguu unaburuta. Mwanzoni maji yaliishia Ugogoni, mengine kwenye gauni langu. Nikianguka, Bi Tausi haniinui. Siku moja nilibiringika kwenye tope lote la pale bombani, akasema, "Kwetu tunasema mgaagaa na upwa hali wali mkavu. Huku upwa hamna, lakini umegaagaa vya kutosha, utapata kitoweo." Nami namtukana kwa utani wote ninaoujua, huku natafuta pa kushika.

Ndani ya nyumba mambo nayo yakaanza kusogea. Baba alipigilia ubao wa mninga kwenye ukuta wa choo, wa kushikilia, akaulainisha kwa msasa usinichome. Akatengeneza kigoda chenye tundu, maana kuchuchumaa sikuweza. Mama alinishonea sketi za mpira kiunoni, kwa kuwa vifungo vinataka mikono miwili. Nilijifunza kuegemea ubao, nikashusha chupi upande wa kushoto kwanza, kisha wa kulia. Mara nyingine nilichelewa na nikajichafua, nikalia kwa hasira. Bibi naye alimuuliza shehe wa msikitini kwetu, akaambiwa mwenye udhuru ale kwa mkono alio nao. Nikapewa kijiko changu, na mazungumzo ya adabu yakaisha.

Kisha nikaanguka vibaya. Niliteleza mlangoni mwa choo, kidevu kikagonga saruji, damu ikanijaa kifuani. Mama alinikwapua pale chini, akamgeukia Bi Tausi. "Utani una mwisho wake," alisema. "Mwanangu si mchezo."

Bi Tausi alijibu taratibu, "Sawa, mama." Akaliweka kopo kando ya ukuta, akaenda zake. Nilishonwa kidevu, kovu hili hapa. Hakuja tena, na mimi nikarudi mgongoni kwa mama.

Watoto wa mtaani wakaanza kununuliwa madaftari. Nilikuwa nimekaa kizingitini nawatazama wanavyopita, nikaliona lile kopo ukutani, limejaa majani makavu. Nikamwambia mama, "Nijazie maji."

"Kidonda hakijapona."

"Mama, wenzangu wanarudi shule. Wewe utanibeba mpaka lini? Nijazie. Na nikianguka, usije mpaka nikuite."

Alinitazama sana. Akaenda, akajaza kopo, akanipa. Akakaa jikoni na pindo la khanga mdomoni, akiling'ata.

Nilikwenda. Ugogoni sikupumzika. Nilipofika chooni niliingia, nikafunga mlango, nikatia komeo. Tangu niugue sikuwahi kuwa nyuma ya mlango uliofungwa, peke yangu. Nilichukua muda mrefu. Mama akaita, "Nyamizi?" Nikasema, "Bado." Nilijitawaza mwenyewe, nikavaa mwenyewe. Nilipotoka sketi ilikuwa imegeuka mbele nyuma, na miguu imelowa mpaka magotini.

Mama alitoka nje, akavuka njia, na mimi nikamsikia kwenye mlango wa Bi Tausi akisema, "Njoo. Mtani wako amefika Bagamoyo."

Shule ilipofunguliwa nilikuwepo. Baba aliomba ruhusa akaweka ubao kama ule kwenye choo cha shule. Nilijifunza kuandika kwa kushoto. Walioniiga ninavyoburuta mguu niliwajibu, maana nilikuwa nimefundishwa matusi ya utani na bingwa. Mkono wa kulia haukurudi wote. Unakandamiza kitambaa ninaposhona, na hiyo ndiyo kazi yake.

Nawashukuru madaktari walioniokoa, na yule wa mazoezi aliyesema kweli mapema. Namshukuru mama kwa kunibeba, na zaidi kwa kunishusha. Mzazi, mwanao akitaka kushika kopo, mwachie. Maji yatamwagika, mtachota mengine. Weka ubao ukutani, badilisha vifungo, kisha kaa mbali ung'ate khanga yako. Akina baba na nyinyi tafuteni cha kung'ata.

Bi Tausi alifariki masika yaliyopita. Kwenye msiba, watani wana kazi zao, na mimi nilikwenda kufanya zangu. Yalitakiwa maji ya kumwoshea marehemu. Wanawake waliponiona nashika ndoo walisema, "Nyamizi, wewe kaa." Nikawaambia mimi ni mtani wa marehemu, nimekuja na kazi yangu. Nikajitwika ndoo kichwani, mkono wa kushoto umeishika, mguu unaburuta, nikavuka uwanja wote. Kwenye chumba alicholazwa nikasimama mlangoni.

"Bi Tausi," nikasema, "mzigo umefika. Mbona leo wewe ndiye unayebebewa?"

Wanawake walicheka huku wanalia, na wa kwanza kucheka alikuwa mama yangu, aliyekuwa amekaa pale karibu na mlango. Aliinuka, na kwa mazoea mikono yake ikaja kunipokea ndoo. Kisha akaishusha mikono, akanipisha nipite.