Ushirika Uliokaa Kwenye Baridi

Huku kwetu mgonjwa hupashwa joto. Eldoret ni mji wa baridi, na sisi tuliotoka magharibi, ambako jua halina ubahili, tulijifunza upesi kwamba mtu akiugua, kazi ya kwanza ni kumfunika. Anafungwa shuka hadi shingoni, anapewa uji wa wimbi ukiwa moto, jiko la makaa linasogezwa karibu na miguu yake, madirisha yanafungwa. Anayekuja kumwona haji mikono mitupu. Huleta sweta au blanketi. Hiyo ndiyo pole yetu.

Mke wangu alipoanza kuugua, tulimpasha joto kwa bidii. Mguu wa kushoto ulikuwa ukiburuta, vidole vikafa ganzi, jicho moja likawa linaona ukungu kisha likapona lenyewe. Alikuwa akiyumba anapotembea, na ni mtu ambaye hajaonja pombe maishani mwake. Siku moja sokoni muuza viazi alimwambia, "Mama, leo umeanza mapema." Alinisimulia akicheka, lakini tangu siku hiyo akawa anatembea karibu na ukuta.

Tulimwogesha maji ya moto asubuhi na jioni. Akitoka kuoga, hakuweza hata kusimama. Tukaona ugonjwa umezidi, tukaongeza blanketi.

Tulizunguka sana kabla ya kufika kwa daktari wa mishipa ya fahamu. Alikuwa mama mpole, hana haraka. Alitutajia jina refu la Kiingereza, kisha akalifupisha kwa herufi mbili, MS. Akatueleza kwamba kinga ya mwili, ambayo ni kama askari wa kutulinda, hugeuka na kuila ngozi inayofunika mishipa ya fahamu, hata mishipa ikawa kama waya wa stima uliochunika. Ugonjwa hauambukizi. Hauponi kabisa, ila kuna dawa za kuupunguza kasi. Kisha akauliza tunamtunza vipi nyumbani. Nikamweleza habari ya jiko na maji ya moto, nikitarajia kusifiwa.

"Mzee," akasema, "joto ndilo linalommaliza nguvu. Akipoa, nguvu zinarudi. Mpunguzieni blanketi."

Tulipotoka pale mke wangu alikuwa na furaha ambayo sikuielewa.

"Kumbe nina ugonjwa," akasema.

"Ulifikiri una nini?"

"Nilifikiri nina uvivu. Siku zingine nilifikiri ni pepo, nikaogopa kukuambia, maana mwinjilisti ni wewe."

Tulicheka pale pale kwenye ngazi. Lakini jina lile lililompa yeye pumziko liliniondolea mimi usingizi. Nimekaa kando ya vitanda vingi katika utumishi wangu, na bado sikujua kwamba mume na mke wanaweza kupewa habari moja wakaenda nayo njia mbili. Yeye alianza kuomba kwa shukrani. Mimi niliomba kama mtu anayebisha mlango uliofungwa, na kazi zote za nyumba nikazifanya mimi. Nilipika, nikafua, nikamfunga viatu, hadi siku moja aliposhika kikombe nilichokuwa nataka kukiosha.

"Baba, niachie hiki. Ukinifanyia yote, mimi nitabaki na kazi gani? Ya kuugua tu?"

Nikamwachia. Alikiosha polepole sana, nami nikatoka nje nikaangalie ng'ombe, kwa sababu kumtazama kulinishinda. Namshukuru Mungu kwa kile kikombe. Subira niliyoihubiri miaka mingi nilianza kuisomea pale.

Sasa nieleze habari ya zamu. Kanisa letu lina ushirika wa nyumbani kila Jumatano alasiri, na huzunguka nyumba hadi nyumba. Mama mwenye nyumba ndiye anayemimina chai kwa mkono wake. Unaweza kusaidiwa kupika na kuosha vyombo, hata viti unaweza kuazimwa, lakini kumimina ni kwako. Ndivyo nyumba inavyoonyesha kwamba iko hai.

Jumapili moja, matangazo ya zamu yaliruka nyumba yetu. Yalitoka kwa jirani wa upande huu yakatua kwa jirani wa upande ule. Watu walituangalia kwa upole wakatikisa vichwa. Lilikuwa jambo la upendo. Mke wangu akaitikia amina pamoja na wengine, lakini tulipofika nyumbani alivua kitambaa cha kichwa, akakaa, hakula.

"Wamenizika vizuri," akasema.

"Wamekuhurumia."

"Si ndiyo nasema? Vizuri."

Nikamwambia nitaenda kuongea na mwenyekiti wa akina mama. Akakataa. "Ukienda wewe, itakuwa ni mzee amesema. Nitasema mwenyewe."

Jumapili iliyofuata alibaki kwenye benchi baada ya ibada, mpaka mwenyekiti akafika kumsalimu. Ni mama mnene mwenye duka karibu na stendi, mtu wa moyo mzuri na sauti kubwa.

"Bwana asifiwe, mama."

"Amina. Mwenyekiti, nyumba yangu imebomoka?"

"Hapana. Kwani?"

"Nimeona zamu imepita juu yake."

Mwenyekiti akaona haya. "Tulisema upumzike, mama. Hiyo chai ni mzigo."

"Mzigo ni wangu. Nimelia kwamba ni mzito?"

"Sasa ukianguka mbele ya watu?"

"Nitakuwa nimeanguka kwangu. Kwangu kuna kapeti."

Mwenyekiti akacheka, na zamu ikarudi. Lakini mimi na mke wangu tulijua kwamba chai ikimshinda siku hiyo, hakuna atakayetutajia zamu tena. Watatuletea blanketi.

Zamu yetu iliangukia mwezi wa saba, na mvua nyembamba ilikuwa inanyesha tangu asubuhi. Alilala hadi mchana ili aweke nguvu, akaoga maji yasiyo moto, nikafungua madirisha yote. Wageni wakaanza kufika. Mmoja aliona madirisha, akayafunga kwa wema wake. Mwingine akaenda jikoni, akaleta jiko lenye makaa mekundu, akaliweka kando ya kiti cha mke wangu. "Mama yetu apate joto." Akaambiwa asante.

Nilikuwa nasoma Neno nilipoona kidole cha mke wangu kimepotea mstari kwenye Biblia yake. Ulipofika wakati wa chai, aliinua chupa ya chai, nayo ikarudi mezani kwa kishindo. Kikombe kikapinduka. Mwenyekiti akanyoosha mkono taratibu. "Leta, mama."

Mke wangu alikuwa anaangalia jiko. Nilijua kwa nini hasemi. Kwetu mwenye nyumba hawezi kumwacha mgeni apigwe na baridi. Kumwondolea mgeni moto ni kama kumwonyesha mlango. Nikafungua mdomo nimsemee, naye akanitazama, nikaufunga.

"Si chai imenishinda," akasema. "Ni joto. Huu ugonjwa unanipiga nikipata joto. Naomba mkae kwenye baridi kidogo, kwa ajili yangu."

Hakuna aliyesogea. Nadhani waliona kama amechanganyikiwa. Kisha akainuka mzee mmoja, muuza duka mstaafu, ambaye magoti yake tumeyaombea kila mwaka wakati wa baridi. Akashika jiko kwa pindo la koti lake, akalitoa nje. Aliporudi akafungua madirisha, upepo ukaingia.

"Sasa," akasema akiketi, "hii ni ushirika ama tuko huko juu milimani Ainabkoi tunachunga kondoo?"

"Funga koti, mzee," mwenyekiti akamwambia.

"Koti nimefunga. Haya meno ndiyo sijui nitafunga na nini."

Tukaimba. Mtu akaloweka kitambaa, akakiweka shingoni mwa mke wangu. Tuliimba wimbo baada ya wimbo, wengine mikono ikiwa kwapani, na hakuna aliyeuliza chai. Yeye alikuwa akikunja vidole na kuvikunjua juu ya goti. Alipoishika chupa tena, hakusimama; watu ndio waliomwendea, kila mmoja na kikombe chake. Alimimina kwa mikono miwili. Chai ilikuwa vuguvugu, na nyingine iliishia kwenye sahani. Mwenyekiti alikuwa wa mwisho. Mke wangu alimtilia nusu akapumua.

"Jaza, mama," mwenyekiti akasema. "Usinihurumie."

Akajaza.

Kabla ya sala ya kufunga, mwenyekiti alisimama kutangaza. Zamu ikirudi hapa, alisema, kila mtu aje na koti, na asiye nalo aazime. Kisha akauliza ni nani aliyeleta jiko. Mmoja akainamia kikombe chake. "Basi asilete tena."

Kesho yake mke wangu hakuweza kuinuka, wala kushika kijiko. Nilikaa kando ya kitanda na bakuli la uji uliopoa, nikiwa na hofu kwamba ameumia, nikitafuta namna ya kumwambia kwamba labda zamu hiyo moja ingetosha. Aliuona uso wangu.

"Leo nilishe, Baba," akasema, akafungua mdomo. "Leo haina shida."