Boke na Maziko ya Kikaragosi

Boke wa Butiama alikuwaga mfinyanzi wa vyungu, mjane wa marehemu Rafaeli, mwenye mkono mwepesi. Mwaka 1954 Mzungu mmoja wa sinema, watu walimwita Bwana Picha, alimwomba amfinyangie vichwa vya vikaragosi. Hasani, fundi cherehani wa Bunda na rafiki wa Rafaeli tangu zamani, akavishonea nguo. Bwana alitaka kupiga picha ya hadithi ya kale ya Wayunani: mfalme kakataza maiti ya adui yake isizikwe, dada wa marehemu akamzika kaka yake hivyo hivyo, naye akauawa.

"Hadithi hii naijua," Boke alimwambia Stanislausi, katekista aliyekuwa akitafsiri. "Wayunani tu ndio siwajui."

Basi akapewa yeye kuvuta nyuzi za yule dada.

Siku ya kupiga picha, mashine ikinguruma, alimshusha dada mpaka kaburini. Ghafla nyuzi zikalegea.

"Endelea, mama! Filamu inakwisha!" Stanislausi akatafsiri ukelele wa Bwana.

"Huyu marehemu mmemlazaje?" Boke akauliza. " Ubavu wa kushoto! Kwetu hivyo analazwa mwanamke. Watu wa Butiama watacheka, na huyu dada atakuwa amekufa bure."

Bwana Picha akazima mashine, uso umemwiva. Filamu iliyobaki ilitosha mara moja tu. Nyingine mpaka Nairobi. Akasema hizo ni sanamu tu, na kama mama hataki, nyuzi atashika mwingine.

"Mwambie," Boke akajibu taratibu, "kama ni sanamu tu, aliniitia nini nije kumlilia?"

Hasani akaangua kicheko. "Shemeji! Leo umesimamisha Mzungu na mashine yake!"

Bwana hakucheka. Akainama mwenyewe akamgeuza marehemu ubavu wa kulia.

Boke akafanya ishara ya msalaba. Vidole vilivyozoea udongo vikakaza nyuzi. Dada akapiga magoti, akamwaga mchanga kidogo kidogo, mpaka filamu ikaisha yenyewe.

Baada ya miezi mitatu shuka la kuonyeshea sinema lilitundikwa uwanjani Butiama, Stanislausi akisimulia kwa sauti. Mfalme alipotokea na kanzu aliyoshona Hasani, watu walicheka mpaka machozi. Kwenye kaburi hakuna aliyecheka. Mzee Machage, ambaye mambo ya Kizungu hakuyapendaga kabisa, akavua kofia.

"Nani kamzika huyu?"

"Boke, mke wa Rafaeli."

"Kazikwa sawasawa," mzee akasema.

Boke, aliyekaa nyuma kabisa na wanawake wenzake, akaondoa khanga aliyojifunika usoni kwa kuhofia kicheko, akawaacha wamtazame.