Kilio changu kimewekwa kwenye gemu la kutisha

Admin shikamoo, na nyote mnaosoma habari zenu. Jina langu naomba lifichwe kabisa, maana huku kwetu Iramba watu wanaifuatilia page hii kuliko wanavyofuatilia mvua. Nina miaka 28, nalima alizeti na vitunguu, nimeolewa mwaka wa tano sasa. Mume wangu ana kibanda cha kutengeneza simu hapa senta. Si mlevi na hana mchepuko. Mke mwenzangu mimi ni kompyuta.

Kuna gemu moja la kutisha la huko nje, maarufu sana, lina matoleo mengi. Mume wangu yumo kwenye kundi la mashabiki wake mtandaoni, watu wa nchi mbalimbali. Hao hawaishii kulicheza tu, wanatengeneza na ya kwao ya kufanana nalo, wanagawiana bure, halafu wanajirekodi wakicheza na kupiga kelele za woga. Nilikuwa namtania, "Baba mzima na ndevu zako unakaa unafuga mazimwi?" Anacheka. Ukweli nilikuwa najivunia, mtu wa kijijini kwetu kusifiwa na watu ambao hata Singida hawajui iko wapi.

Mwaka jana tulimzika mtoto wetu, wa kwanza na wa pekee. Aliugua kidogo tu akatutoka. Kuna mambo siwezi kuyaandika, mnisamehe. Siku ya mazishi akina mama watu wazima walikuwa chumbani wanamvalisha, mimi wakanitoa nje kwa sababu nilikuwa naanguka anguka. Nikarudi kwenye ule mlango nikaugonga kwa viganja, nalia, "Nifungulieni, mtoto wangu anasikia baridi!" Niligonga mpaka mikono ikavimba, hawakunifungulia. Shemeji yangu alikuwa anarekodi msiba kwa simu ili awatumie ndugu wa Mwanza ambao hawakuwahi kufika. Hilo halikunisumbua, siku hizi kila msiba unarekodiwa.

Kilichoniumiza ni mume wangu. Hakulia. Wazee walimwambia jikaze wewe ni mwanaume, naye akajikaza mpaka nikaanza kumchukia. Tulipotoka kuzika, kompyuta. Akirudi kazini, kompyuta. Nikimtaja mtoto anainuka anaenda kunywa maji. Nikasema moyoni, huyu hakumpenda mwanangu.

Sasa juzi juzi nikampelekea chakula cha mchana kibandani. Nikakuta katoka kufuata spea, vijana wawili wamekalia kompyuta yake wanacheza gemu jipya alilotengeneza mwenyewe, wanasukumana na kucheka. Kwenye hilo gemu uko chumbani peke yako, nje kuna kitu kinagonga, na kazi yako ni kushikilia mlango kisiingie mpaka kukuche. Nikasimama naangalia, nacheka na mimi. Kikagonga. Halafu kikalia, "Nifungulieni, mtoto wangu anasikia baridi!"

Ndugu zangu, ilikuwa sauti yangu, ile ile ya kwenye video ya msiba aliyorekodi shemeji. Kijana mmoja akaruka na kiti, "Oyaa, limama hilo linakuja, shika mlango!" Mwenzake akageuka akaniona, akasema kwa adabu kabisa, "Karibu shemeji, bro katoka kidogo." Hawakujua. Niliweka hotpoti chini nikaondoka, sikumbuki hata niliowasalimia njiani.

Aliporudi nyumbani nilimrushia mwiko. Nilimwambia, "Umenifanya zimwi? Kilio cha mwanangu ndiyo mchezo wa watu?" Akanionyesha jumbe za wenzake wa lile kundi, wanasema hawajawahi kusikia sauti kama ile, wanauliza yule mwigizaji kampata wapi, wanamtaka kwenye gemu lingine. Yeye aliwajibu, "Ni mke wangu." Na wao wakanitumia salamu! Nilitamani ardhi ipasuke.

Nikamuuliza, "Katika sauti zote za dunia, kwa nini yangu?"

Akasema, "Kwa sababu ndiyo ninayoiogopa."

"Uiogope umeisikilizia wapi? Wewe si ulikuwa nje na wanaume wenzako?"

Akainamisha kichwa. "Sikuwa nje, mama. Shangazi aliniita ndani, akaniambia, 'Shika huo mlango, akiingia atakufa na yeye.' Niliyeushika ni mimi."

Hapo ndipo alipolia. Mwaka mzima alikuwa hajalia, siku hiyo alilia mpaka akatapika. Mimi sikumshika wala sikumfuta. Nilimwangalia tu, maana nilikuwa na hasira mbili na sikujua nianze na ipi.

Amesema nikitamka neno tu anaifuta sauti yangu, hata gemu zima, ingawa wengine wameshalichukua na hawezi kuwafikia wote. Lakini amesema pia kwamba yale mambo alishindwa kuniambia kwa mdomo, akajaribu mara nyingi, na kwenye hilo gemu ndipo alipoweza kuyatoa. Mimi nikifumba macho nasikia wale vijana wakicheka. Halafu namsikia na yeye analia.

Jumapili tumetoka kanisani nikamuuliza, "Kwenye gemu lako, mtu akiamua kufungua ule mlango anamkuta nani?"

Akasema, "Haufunguki. Sikutengeneza hiyo sehemu."

"Kwa nini?"

"Sikujua ungeniangalia vipi."

Tangu siku hiyo hajaiwasha kompyuta, anasubiri neno langu. Naombeni msinitukane wala msimtukane, hasa nyie mliowahi kuzika mtoto, semeni nami. Nimwambie aifute sauti yangu yaishe, au nimwambie kwanza akae atengeneze huo mlango ufunguke, niingie? Nishaurini, nifanye nini?