Siku Niliposema Pole Uwanjani

Juzi nilipita kwenye chuo kile cha ufundi, si mbali na Albert Park hapa Durban, nikasimama langoni. We, siku hizi wana uwanja wa mpira wa kikapu wenye paa, mbao za kioo na viti vya rangi! Vijana walikuwa wakipiga kelele humo ndani kwa lugha wanazozitaka. Mimi mtu mzima, mama wa watoto wawili, nikaogopa kuvuka lango. Usinicheke. Ngoja nikuambie.

Timu ya kwanza ya wanaume pale chuoni ilianza na mlango wa kabati. Chuo kilikuwa na nguzo za netiboli tu, na nguzo ya netiboli haina ubao nyuma ya pete. Kaka yangu mkubwa, ambaye nyumbani tulimwita yaya, alikuwa akisomea umeme, mrefu mpaka anainama mlangoni. Yeye na wenzake, Wakongo wengi, Warundi wawili na Wazulu watatu, walihitaji ubao. Basi akaufungua mlango wa kabati la koko, bibi yetu, akaubeba mzima mzima na kuufunga kwa waya kwenye nguzo. Koko alinung'unika juma zima kwamba nguo zake ziko uchi, halafu akashona pazia.

Kazi yangu ilikuwa jezi. Niliziloweka kwenye bafu, orofa ya tisa, nikizikanyaga kwa miguu huku sombe ya koko, majani yake ya muhogo, ikichemka na harufu ya mawese ikishuka hadi kwenye ngazi. Wachezaji walikuja kula. Hata wale Wazulu walishajifunza "leta!", "rudi!", "angalia nyuma!", maana timu ilicheza kwa Kiswahili. Nilikuwa na miaka minane, na kwangu hapakuwa na timu nyingine duniani.

Kisha likaja lile juma la woga. Maduka ya wageni wenzetu yalivunjwa, watu wakapigwa kwa sababu ya lugha zao tu. Tulikula tukiwa tumevaa viatu. "Mdomo huponza kichwa," koko aliniambia kila tulipotoka. "Huko inje hapana Kiswahili. Hata neno moja, umesikia?"

Na mechi ilikuwa Jumamosi ya juma lile lile. Koko alimsihi yaya asiende.

"Koko, tusipotokea wanaifuta timu," yaya alisema. "Na nikijificha leo, nitatoka lini?"

Kocha wao, mwalimu wa hesabu, aliwaagiza wacheze bila maneno: kofi moja leta, makofi mawili rudi. Mama alikuwa saluni kazini, na koko akaona afadhali mimi na yeye twende uwanjani kuliko kungoja habari ndani. Tukakaa pembeni. Wanaume kutoka mtaani wakaingia na fimbo, wakasimama kwenye uzio. Hawakutazama mpira. Walikuwa wakisikiliza. Mimi nilikuwa nimeuuma upindo wa kikwembe alichojifunga koko kwa hofu.

Mwishoni yaya aliruka, akagongwa, akaanguka chali kwenye saruji. Nilisikia kichwa kikigonga. Sasa niambie, wewe uliyelelewa na Kiswahili, mtu akianguka mbele yako mdomo unangoja ruhusa?

"Pole, yaya! Pole!"

Wale wa kwenye uzio wakageuka. Mmoja wa wale wanaume akamwendea yaya, fimbo mkononi, akamuuliza kwa Kizulu kama mtoto huyu ni wake. Yaya aliinuka taratibu, damu ikimtoka sikioni. Akanitazama usoni. Halafu akajibu kwa Kizulu safi, "Angimazi." Simjui.

Koko alinishika mkono tukatoka. Hatukukimbia, alininong'oneza kwamba tukikimbia tumekwisha. Kila hatua niliamini kwamba nyuma yangu wanamuua, na kwamba aliyemuua ni mimi.

Alirudi kabla jua halijazama, katikati ya wale Wazulu watatu. Kule uwanjani walikuwa wamemzunguka na kuwaapia wenye fimbo kwamba ni ndugu yao kutoka Isipingo. Eish, mpaka leo nawaombea. Yaya aliketi, akala kidogo. Sikuthubutu kumsogelea. Ndipo akanivuta, akaniambia polepole, "Nilisikia, mdogo wangu. Asante." Nililia mpaka nikatapika.

Hakurudi tena uwanjani. Baadaye akaenda nchi ya mbali, koko tukamzika hapa hapa Durban, na wale waliokuwa wakila sombe kwetu sijui wako wapi. Nawakumbuka wote. Lakini kinachoniuma ni kidogo kuliko hayo, na hakirudi. Siku hizi mtu akijikwaa barabarani, mimi nageuka kwanza kutazama nani amesimama nyuma yangu. Nikimaliza kutazama, ameshainuka na kwenda zake, pole yangu ingali mdomoni.