Sinia la Chai ya Moto
Kwa miaka ishirini Hilda, mvalishaji wa ukumbi mmoja wa maigizo mjini Oldham, Uingereza, alimfunga aproni mama yule yule mwigizaji. Jukwaani mama huyo hakuwahi kuwa zaidi ya kijakazi, na katika filamu tisa alifungua mlango, akasema, "Bwana amefika," basi. Hata hivyo kila jioni aliinoa sauti yake kama mwenye hotuba ya saa nzima, na chai ya kwenye birika lake la jukwaani aliitaka imechemka kweli.

"Ya nini, na hakuna anayekunywa?" Hilda alimtania.

"Vidole vyangu vinajua, shoga. Nikividanganya, na uso wangu utadanganya."

Jumamosi moja nyota wa mchezo, aliyeletwa kutoka London, maneno yalimkauka mdomoni. Aliyeshika kitabu cha mchezo pembeni alimnong'oneza maneno mara mbili, wapi! Watu wakaanza kukohoa. Hapo Hilda akamwona mama yule akinyakua sinia, ilhali zamu yake haijafika, na kuingia jukwaani polepole kama siku zote. Mama akamimina, mvuke ukapanda, akamdokezea nyota maneno yaliyompotea: "Samahani, bibi. Ile barua uliyosema utaichoma, niilete?"

Nyota akakishika kikombe kwa mikono miwili, akanywa, maneno yakarudi. Mwishoni ukumbi ulilipuka kwa makofi, yote ya nyota.

Nyuma ya pazia Hilda alikuwa amefura kwa hasira. "Wamempigia yule!"

"Waache wampigie," mama alisema, akifungua aproni. "Lakini umeona? Leo kuna aliyekunywa."