Kimya cha Madam Aune

Roselyne Adhiambo, Mkenya, alikuwa mfanyakazi wa nyumbani Riyadh, Saudi Arabia, na mdomo wake haukujua likizo. Miaka ile majumba ya sinema yalipofunguliwa tena, mama mwenye nyumba alimkaribisha mgeni kutoka Finland, mtengeneza filamu aitwaye Aune. Filamu zake, walisema, ni za kutafakari: mtu ni nani, anaishi kwa nini, akifa kunabaki nini.

Aune haulizi swali. Anaweka kamera mbele ya Roselyne, anakaa, ananyamaza. Na si kimya cha mchezo! Roselyne angepiga pasi kanzu saba, azikunje, azipange kabatini, na Aune bado hajapepesa jicho.

Kwao Ahero, mgeni akinyamaza hivyo, ama ana njaa ama amefiwa. Roselyne akamletea chai. Kimya. Akamletea wali. Kimya. Siku ya tisa akashindwa, akamwaga lililokuwa rohoni.

"Mama alipokufa, niliwaambia nyumbani kafili amekataa nisiende kumzika."

Wote husema hivyo huko. Kafili, yule mwajiri anayeshika karatasi zako, ndiye hubebeshwa kila lawama.

"Uongo, madam. Alininunulia tiketi, mimi ndiye nikakataa. Tulikuwa tumekosana na mama kwa simu. Niliogopa kumwona amelala pale bila kunigombeza." Akapangusa macho kwa kanzu ya bosi, kafili huyo huyo. "Lakini hii usiweke kwenye filamu. Mdogo wangu Serah akijua, sina ndugu tena."

Aune akaweka mkono kifuani, akaitikia kwa kichwa. Roselyne akapumua. Mtu asiyesema hata asante ya chai, siri atampelekea nani?

Mwaka uliofuata filamu ikaonyeshwa Jeddah. Roselyne akaenda na bosi wake, na kwa maringo akamwita Serah, aliyekuwa akipika katika hoteli ndogo mtaa wa Sharafiya, mjini humo.

"Njoo umwone dada yako, mkubwa kuliko lori!"

Kweli, pua yake peke yake ilijaza ukuta. Wakacheka, wameshikana mikono. Kisha yule Roselyne wa ukutani akafungua mdomo, akasema yote: mama, tiketi, mpaka "hii usiweke." Ukumbi ukaguna kwa huruma.

Serah akauchomoa mkono wake. "Dada, nimemlaani kafili wako miaka minne. Kwa maombi. Nikifunga."

"Serah, ngoja..."

"Halas, yamekwisha." Akapita magoti ya watu, akatoka.

Roselyne alipofika nje, teksi ilikuwa imeshaondoka. Aune akaja, akasimama mbele yake, akanyamaza. Alikuwa amezoea: ukingoja, Roselyne hujaza kimya kwa maneno.

Siku hiyo hakujaza. Alimtazama tu, mdomo umefungwa kama maduka ya Riyadh ya zamani saa ya swala. Bosi akaita "Yalla, twende, Roselyne!" mara tatu. Mwishowe Aune ndiye aliyeshindwa.

"Ilikuwa sehemu nzuri kuliko zote," alisema.

Roselyne akampa mgongo, akaingia garini. Akampigia Serah. Simu ikaita mpaka ikachoka. Akapiga tena.